Nyuki au Mkono?

Safari moja, nikitoka Itigi kuelekea Chunya, nilipumzika Rungwa. Mrina asali mmoja akanionyesha mizinga yake, iliyotundikwa juu ya miombo. Nikamwuliza asali ile imetokana na ua lipi. Akacheka, akanijibu: "Hilo mwulize nyuki, mzee. Sisi tunakuta kazi imekwisha."

Jibu lile likanikumbusha mwanamke mmoja wa kisiwa cha mbali, ambaye kazi ya mikono yake watu walimpa nyuki.

Jina lake Agnes Joaquim. Alizaliwa Singapore mwaka 1854, katika ukoo wa Waarmenia wafanyabiashara. Singapore, kama Unguja yetu, ilikuwa bandari ya watu wa kila bara na kila dini. Baba yake alipofariki mwaka 1872, Agnes, aliyekuwa binti mkubwa, alimsaidia mamaye kulea wadogo zake. Hakuolewa. Sindano ya kudarizi na bustani ndivyo vilivyokuwa chuo chake.

Bustanini mwake alikuwa na okidi za aina mbili, Vanda hookeriana na Vanda teres. Alitwaa chavua ya moja akaitia katika ua la nyingine, kisha akasubiri. Na kusubiri kwenyewe si kwa siku mbili. Mbegu ya okidi ni kama vumbi, haina akiba ya chakula ndani yake, na haioti kwa tabia yake ila isaidiwe na kuvu. Njia ya kuiotesha ndani ya chupa, kwa chakula cha sukari, ilijulikana mwaka 1922 tu. Yeye alifaulu kabla ya hapo, bila maabara.

Mwaka 1893 alimpelekea ua hilo Henry Ridley, mkurugenzi wa Bustani ya Mimea ya Singapore. Ridley akaandika katika jarida la Gardeners' Chronicle la London kwamba Bi Joaquim ndiye aliyezichanganya okidi zile, na ua likaitwa Vanda Miss Joaquim. Mwaka 1899 alishinda tuzo katika maonyesho ya maua, hali saratani inamla. Tarehe 2 Julai mwaka huo huo akafariki, umri wake miaka 45.

Baada yake ikazuka hadithi nyingine: kwamba hakulizalisha, bali alilikuta limejiotea katika kichaka cha mianzi. Mwenye kazi akawa nyuki, na bibi akabakia mpita njia mwenye bahati. Mwaka 1981 Singapore ililichagua ua hilo kuwa ua la taifa, na ubishi ukaendelea. Ndipo mwaka 2016 taasisi za nchi yake zikamtambua rasmi kuwa ndiye aliyelizalisha. Miaka 117 kaburini! Na ushahidi wa Ridley ulikuwapo siku zote, umepigwa chapa.

Mpenzi msomaji, mrina asali wa Rungwa alikuwa mkweli: kazi ya nyuki alimwachia nyuki. Sisi je? Tungo ngapi tunazoziimba harusini tunasema ni "za kale," kana kwamba zimejiotea kichakani? Ziko zilizotungwa na bibi zetu, huku wakitunga asumini. Aliye na jina la mmoja wao na aliandike leo, kabla hatujaambiwa kuwa ni nyuki.