Nevil Shute: mhandisi aliyesema kweli ndani ya riwaya

Tarehe 2 Mei 1952 ndege aina ya Comet iliondoka London kwenda Johannesburg, ikitua Roma, Beirut, Khartoum, Entebbe na Livingstone. Hakuna jeti iliyowahi kubeba abiria wa nauli kwa ratiba kabla ya siku hiyo, na Entebbe ikaanza kuhudumiwa na jeti za abiria miaka sita kabla ya New York. Ndege hiyo hiyo, yenye usajili G-ALYP, ilipasuka angani karibu na kisiwa cha Elba tarehe 10 Januari 1954, na watu wote 35 waliokuwamo wakafa. Comet zote zikasimamishwa, zikakaguliwa na kurekebishwa hapa na pale, zikarudishwa kazini tarehe 23 Machi. Tarehe 8 Aprili nyingine ikaanguka baharini kusini mwa Italia, ikiwa njiani kwenda Cairo, na kuua watu 21. Wataalamu wa serikali huko Farnborough wakaizamisha Comet nyingine katika tangi la maji, wakawa wanaijaza shinikizo na kulipunguza, kana kwamba inapaa na kutua, maelfu ya mara, hata ganda lake likapasuka kuanzia kwenye pembe ya tundu la dirisha. Metali ilikuwa imechoka. Tangu hapo Waingereza wamekuwa wakikitaja kitabu kilichotoka mwaka 1948, riwaya ya No Highway ya Nevil Shute, ambamo mtaalamu wa Farnborough anang'ang'ania kwamba mkia wa ndege mpya ya abiria utakatika kwa uchovu wa metali, na wakubwa zake hawana hakika kama wamsikilize.

Kisa hiki kwa kawaida husimuliwa kama utabiri, na hapo ndipo kinapopotezewa thamani. Utabiri ni jambo la bahati. Mtu akiandika vitabu ishirini na zaidi, kimoja kitagonga ndipo. Linalostahili kuangaliwa ni kwamba Shute alikuwa mhandisi kwanza na mtunzi baadaye, na kwamba alituachia vitabu vya namna mbili kuhusu kazi yake: kumbukumbu za maisha yake, zilizotoka mwaka 1954 kwa jina la Slide Rule, na riwaya. Wanahistoria hukimbilia kumbukumbu, kwa kuwa zinajiita za kweli, na riwaya huwaachia wasafiri wa treni. Nadhani wamegeuza mambo juu chini. Ushahidi wake ulio bora kuhusu jinsi mitambo inavyoundwa, viwanda vinavyokufa na mashua zinavyovuka bahari umo katika riwaya. Kitabu cha kutiliwa shaka ni kile cha kweli.

Jina lake kamili lilikuwa Nevil Shute Norway, mzaliwa wa Ealing, magharibi mwa London, mwaka 1899. Riwaya alizitia majina yake mawili ya kwanza, na lile la ukoo akalibakiza kwa kazi, akihofia kwamba wahandisi wenzake wangemwona mtu wa mzaha. Katika miaka ya 1920 alikuwa mkuu wa wapiga hesabu wa R100, meli ya angani iliyobuniwa na Barnes Wallis: puto refu lenye mifupa ya metali, injini na usukani, lililojengwa Howden, Yorkshire, na kampuni binafsi. Wakati huohuo wizara ya anga ilikuwa ikijenga mwenzake, R101, huko Cardington. Hesabu ya fremu moja tu ya R100 iliwachukua watu wawili miezi miwili au mitatu ya penseli, karatasi na rula ya kutelezesha, kwa sababu kila waya ulioweza kulegea ulibadilisha mzigo wa nyaya nyingine, na kazi ikaanza upya. Julai 1930 R100 ilikwenda Canada kwa saa 78, Shute akiwamo, ikarudi salama. Tarehe 5 Oktoba R101, ikielekea India, ilianguka karibu na Beauvais, Ufaransa, ikaungua na kuua watu 48. R100 nayo ikavunjwavunjwa na kuuzwa kama vyuma chakavu.

Slide Rule inaisimulia habari hii kama kesi ambayo mwandishi ni mlalamikaji, shahidi na hakimu. Kampuni binafsi ilikuwa na busara, serikali ilikuwa na kiburi, na ushahidi wote unaelekea upande mmoja. Huenda alikuwa na haki katika mengi, maana R101 iliondoka ikiwa haijajaribiwa vya kutosha na waziri wake alikuwa na haraka. Lakini wengi wa wale anaowalaumu walikufa ndani ya chombo chenyewe, hawakuweza kumjibu, na R100 nayo ilichanika turubai angani kabla haijafika Montreal. Mtu anayetetea maisha yake huona makosa ya jirani kwa darubini.

Sasa fungua No Highway. Msimulizi si yule mtaalamu mbishi, Theodore Honey, bali mkuu wake wa idara, mtu mwenye akili timamu anayebanwa pande zote. Honey ni mjane mwenye mavazi ovyo, anayeamini pia mambo ya ajabu kuhusu piramidi za Misri, na nadharia yake ya uchovu wa metali bado haijathibitika: mkia unatikiswa mchana na usiku kwenye karakana ya majaribio, na jibu litapatikana baada ya muda ambao ndege zilizo kazini hazinao. Afanye nini mkuu? Akizisimamisha kwa neno la mtu wa piramidi, shirika la ndege linaingia hasara na nchi inaaibika. Asipozisimamisha, huenda watu wakafa. Hakuna mwovu katika kitabu kizima. Anayetengeneza, anayerusha na anayekagua, kila mmoja ana sababu ambayo msomaji angeikubali kama angekaa kwenye kiti chake. Hilo ndilo Slide Rule ilishindwa kulionyesha, na ndilo lililotokea kati ya Januari na Aprili 1954, watu wenye akili na nia njema walipoziruhusu Comet kuruka tena kwa kuwa hapakuwa na kasoro waliyoweza kuishika mkononi.

Atakayepinga atasema kwamba uchovu wa metali haukuwa siri. Ni kweli. Mjerumani August Wöhler aliupima kwenye ekseli za mabehewa katikati ya karne ya 19. Januari 1945 ndege ya Stinson ilikatika bawa Victoria, Australia, kwa sababu hiyohiyo, na mwaka uliofuata wataalamu walikutana Melbourne kulijadili jambo hilo. Tena mkia wa kwenye riwaya haufanani na ganda la Comet. Lakini pingamizi hili linaipa nguvu hoja yangu. Kama maarifa yalikuwapo, ripoti na mikutano haikutosha kuyafikisha kwa mwenye uamuzi, na swali la kihistoria linakuwa ni kwa nini hayakufika. Swali hilo halijibiwi kwa jedwali la vipimo, bali na mtu aliyekaa vikao vile na kuijua sura ya mkurugenzi anapoambiwa asubiri.

Kuna pia ushahidi mdogo unaovutia zaidi kuliko utabiri wowote. Honey, akiwa safarini kuvuka Atlantiki, anagundua kwamba ndege aliyopanda imeshapita saa alizozikadiria. Inapotua Gander, Newfoundland, na rubani hataki kumsikiliza, anavuta mpini wa magurudumu ikiwa imesimama. Miguu inajikunja, ndege inalala kwa tumbo, haiendi popote. Kampuni ambayo Shute aliianzisha pamoja na wenzake mwaka 1931, Airspeed, iliyoanzia kwenye nusu ya gereji ya mabasi mjini York, ndiyo iliyotoa Courier, ndege ya kwanza ya Uingereza kuundwa kwa wingi ikiwa na magurudumu ya kukunjwa. Alijua mpini ule uko wapi.

Viwanda navyo. Ruined City, ya 1938, ni habari ya mji wa kaskazini mwa Uingereza uliofungiwa karakana yake ya kuunda meli, na wazo la Jarrow haliko mbali: karakana ya Palmer ilifungwa huko, na Oktoba 1936 wanaume 200 wakatembea kwa miguu hadi London kudai kazi. Shute alimtunga mwenye benki anayeufufua mji huo kwa hongo za nje na hati ya hisa yenye uongo, na mwishowe anafungwa jela, huku mafundi wakiwa wamerudi kazini. Atakayesema huku ni kumpamba tapeli ana haki kidogo. Mtunzi anampenda mno mtu wake. Ila Shute alikuwa mkurugenzi wa kampuni iliyohangaikia mtaji tangu siku ya kwanza, na hakuna mkurugenzi ambaye angethubutu kueleza kwa jina lake halisi jinsi matumaini yanavyotiwa chumvi mbele ya wanunuzi wa hisa. Kwenye riwaya aliweza.

Bahari ilikuwa starehe yake, naye alimiliki mashua za tanga. Riwaya yake ya mwisho, Trustee from the Toolroom, iliyotoka mwaka 1960 baada ya kifo chake huko Australia, inamfuata Keith Stewart, fundi wa Ealing anayetengeneza injini ndogo za kuwekwa mezani na kuziandikia kwenye jarida. Dada yake na shemeji yake wamezama na mashua yao kwenye miamba ya Tuamotu, na mali ya mtoto wao yatima imefichwa ndani ya zege la farumi, ambamo Keith mwenyewe alisaidia kuifukia. Wakosoaji walilalamika kwamba watu wa Shute wamepinda kidogo tu, kama ubao uliopigwa randa mno, na kwamba wanawake wake hawasikiki sana. Siwezi kuwabishia. Lakini tazama anavyompeleka Keith kutoka Honolulu hadi Tahiti na Jack Donelly, mvuvi asiyejua kusoma, anayeendesha mashua kwa upepo, ndege wa baharini na mwelekeo wa mawimbi. Fundi wa vipimo vidogo kabisa anakaa kimya na kujifunza. Mhandisi aliyepiga hesabu za R100 hamcheki mvuvi, wala hamgeuzi mchawi. Anaandika kila alichokitazama na kwa nini kilitosha.

Anayetaka kuanza aanze na No Highway, aendelee na Ruined City, kisha hii ya mashua, na Slide Rule aiache mwisho. Akifika hapo atakuwa ameshawajua watu wa Cardington vizuri kuliko Shute alivyotaka wajulikane.