Msiri: Mfanyabiashara wa Shaba Aliyegeuka Mfalme wa Katanga

Katikati ya karne ya 19, misafara ya Wasumbwa na Wanyamwezi ilikwenda mbali kusini-magharibi, hadi Katanga, katika Kongo ya leo, kutafuta shaba na pembe za ndovu. Kalasa, mwenyeji wa Usumbwa, alikuwa miongoni mwa waliofanya biashara hiyo, na mwanawe Ngelengwa akakulia ndani yake. Huyo Ngelengwa ndiye aliyekuja kujulikana kama Msiri.

Wengine walinunua shaba wakarudi makwao. Msiri, katika miaka ya 1850, alilowea huko. Alikuwa na wafuasi wachache lakini wenye bunduki, katika nchi iliyopigana kwa mishale na mikuki. Machifu waliokuwa na ugomvi na jirani zao walimwomba msaada, na kila msaada ulimwongezea sauti katika mambo ya nchi, hadi wenyeji wake wakajikuta wanamlipa kodi. Watu wake waliitwa Wayeke, na makao yake yakawa Bunkeya.

Nguvu yake, kwa maoni yangu, ilikuwa katika kuzijua njia. Mashariki aliuza katika masoko yaliyofika Zanzibar. Magharibi, wafanyabiashara wa Bihe, katika Angola ya leo, walimletea bunduki, baruti na vitambaa kutoka Benguela. Katika nchi yake mwenyewe alishika shaba, chumvi na pembe. Alioa katika koo nyingi, na baadhi ya wake zake walisimamia maeneo kwa niaba yake. Maria da Fonseca, mkewe aliyetoka upande wa Angola, alimuunganisha na wafanyabiashara wa huko. Kila ndoa ilikuwa mkataba.

Utajiri huo ulikuwa na damu. Msiri aliuza watumwa, na wageni waliofika Bunkeya waliona mafuvu ya watu kwenye uzio wa boma lake. Mwaka 1891 Wasanga, watu wa Katanga aliowatawala, walikuwa wamemwasi, na uasi huo ulimkuta hana baruti ya kutosha. Anayemsifu kwa kuwakatalia Wazungu hana budi kuwasikiliza Wasanga pia.

Hata hivyo aliwakatalia kweli. Mwaka 1890 Alfred Sharpe alimletea mkataba wa Waingereza. Alipoelezwa maana yake, akaukataa. Mfalme Leopold II wa Ubelgiji naye aliitaka Katanga, akatuma misafara kadhaa. Ule wa William Stairs, Mkanada aliyekuwa ofisa wa jeshi la Uingereza, ulipita Bagamoyo na Tabora ukiwa na wapagazi na askari wa pwani. Kwa hiyo watu wa kwetu Afrika Mashariki walikuwepo siku Msiri alipoangushwa.

Stairs aliwasili Bunkeya Desemba 1891. Msiri hakukubali bendera ya Leopold, akaondoka usiku kwenda kijiji cha jirani. Tarehe 20 Desemba, Kapteni Omer Bodson alitumwa kumkamata. Akampiga risasi akafa, naye Bodson akapigwa risasi na watu wa Msiri, akafa kwa jeraha hilo. Mtoto wa Msiri, Mukanda-Bantu, alirithi kiti akiwa chini ya Dola ya Kongo ya Leopold, juu ya nchi iliyopunguzwa sana.

Siasa hazikutoka katika ukoo huo. Katanga ilipojitenga na Kongo mwaka 1960, waziri wa mambo ya ndani wa Moïse Tshombe, kiongozi wa Katanga hiyo, alikuwa Godefroid Munongo, mjukuu wa Msiri. Baadaye, mwaka 1976, Munongo mwenyewe alikalia kiti cha Wayeke.