Jamaa (Kolwezi)

Jamaa ni chama cha kiroho cha Wakatoliki kilichoanza Kolwezi, katika Katanga ya kusini (leo mkoa wa Lualaba, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo), mwanzoni mwa miaka ya 1950. Kilizaliwa katika kambi za wafanyakazi wa kampuni ya migodi ya Union Minière du Haut-Katanga. Kiini cha mafundisho yake ni umuntu: kila mwanamume na kila mwanamke ana thamani aliyopewa na Mungu kabla hajapewa kazi, namba wala nyumba, naye huitambua thamani hiyo anapopokewa na mwenzake. Mwanzilishi anayetajwa siku zote ni padre Mfransisko Placide Tempels, ingawa walioibeba Jamaa mabegani hadi ikafika miji mingine ni wachimbaji na wake zao.

Maisha ya kambini

Union Minière iliundwa mwaka 1906. Mwanzoni iliendesha migodi kwa vibarua wa muda mfupi walioletwa kutoka mbali. Wengi walikufa kwa maradhi, wengine wakatoroka. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1920 kampuni ilibadili utaratibu: mfanyakazi alihimizwa aje na mke, aweke mkataba wa miaka mitatu, na watoto wake wakulie kambini. Ilijenga nyumba, ikagawa posho, ikafungua hospitali, shule na kliniki ambako watoto wachanga walipimwa uzito. Afya iliboreka kweli, na wazee wengi wa Kolwezi husimulia enzi hizo kwa fahari.

Bei yake ilikuwa kubwa. Nyumba ilifuata mkataba, hivyo aliyeachishwa kazi alitoka na mkewe, watoto na sufuria zao. Mfanyakazi alijulikana kwa namba yake, na posho ilipimwa kwa idadi ya vichwa vya familia. Mwanamume mwenye wajukuu aliweza kuitwa "boy" na kijana Mzungu aliyeshuka melini juzi. Mkewe alifundishwa kushona na kupiga pasi, kana kwamba alikuja kambini bila akili wala malezi. Desemba 1941, wafanyakazi wa Elisabethville (Lubumbashi) walipogoma kudai nyongeza ya mishahara, askari waliwafyatulia risasi na kuua watu wengi.

Kolwezi ilikua mwishoni mwa miaka ya 1930, na hasa baada ya Vita Kuu ya Pili, machimbo ya shaba na kobalti ya Musonoi na jirani zake yalipopanuliwa.

Placide Tempels

Tempels alizaliwa Berlaar, Ubelgiji, tarehe 18 Februari 1906. Alipata upadre mwaka 1930 na kufika Kongo mwaka 1933. Alifanya kazi miaka mingi miongoni mwa Waluba wa Katanga. Kwa maelezo yake mwenyewe, miaka ya kwanza alikuwa padre bwana mkubwa: alileta majibu, watu wakapokea amri. Alipochoka kuona mahubiri yake hayagusi mtu, aliacha kufundisha akaanza kuuliza watu wanatamani nini maishani.

Matunda ya kuuliza huko yalikuwa kitabu *La philosophie bantoue*, kilichotolewa Elisabethville mwaka 1945 katika tafsiri ya Kifaransa ya Antoine Rubbens. Hoja yake ilikuwa kwamba Waafrika wana fikra kamili kuhusu kuwepo kwao, na kwamba fikra hiyo imejengwa juu ya nguvu ya uhai inayoongezeka au kupungua kadiri mtu anavyohusiana na wengine. Kwa Mzungu wa koloni hilo lilikuwa tusi. Askofu Jean-Félix de Hemptinne, aliyeongoza vikarieti ya Katanga, hakukipenda kitabu. Tempels alikwenda Ubelgiji mwaka 1946 na hakuruhusiwa kurudi hadi 1949.

Mwaka 1953 alikuwa tayari Kolwezi, kati ya watu wa Musonoi. Hapo ndipo Jamaa ilipoanza. Wanajamaa walimwita Baba Placide. Mwaka 1962 alirejea Ubelgiji moja kwa moja, na mwaka huohuo kikatoka kitabu chake *Notre rencontre*. Alifariki Hasselt tarehe 9 Oktoba 1977.

Mafundisho

Jamaa husema binadamu ana tamaa kuu tatu: uzima, uzazi na mapendo. Uzima ni kuwa hai kwa nguvu zote, uzazi ni kuzaa watoto na pia kuzaa wengine kiroho, na mapendo ni kuwa kitu kimoja na mwenzako. Tamaa hizi hazikuletwa na mmisionari, na hapo ndipo ilipo nguvu ya mafundisho. Mchimbaji aliyezoea kuambiwa kwamba kila alicho nacho amekipata kutoka Ulaya alisikia, kwa Kiswahili chake cha Katanga, kwamba kilicho bora ndani yake kilikuwemo tangu mwanzo, katika mawazo ya Mungu.

Mafundisho hutolewa kwa mdomo. Watu hukaa pamoja na kuimba, kisha mwalimu, ambaye mara nyingi ni mfanyakazi aliyetoka zamu, huanza kwa swali. Huliacha swali lining'inie kidogo, hulirudia kwa namna nyingine, kisha huanza sentensi na kuwaachia wasikilizaji wamalizie neno la mwisho kwa pamoja. Mtu hujibu mwenyewe swali la yeye ni nani, kwa sauti yake, mbele ya jirani zake. Kwa mtu aliyekuwa namba kutwa nzima, kuulizwa na kungojewa jibu ni heshima kubwa.

Kuingia Jamaa kuna hatua tatu, ziitwazo njia. Kila hatua ina mafundisho yake, na ndoto za anayeingia husikilizwa kwa makini kama dalili kwamba amefika.

Baba na mama

Haingii mtu peke yake, huingia mume na mke. Wote hupewa heshima ya baba na mama, hata wasiojaliwa watoto, na wale waliowaongoza katika njia huhesabiwa kuwa wazazi wao. Mume hutakiwa amfungulie mkewe moyo, amweleze anayowaza, naye asikilize ya kwake. Katika kambi ambako mke aliandikwa kwenye daftari la posho kama mzigo wa mumewe, haya yalikuwa mageuzi. Mama wa Jamaa alifundisha, alifasiri ndoto na aliwazaa wengine kiroho sawa na baba.

Ubishi

Pingamizi zito zaidi lilitoka mbali. Mwaka 1950 Aimé Césaire wa Martinique alikishambulia kitabu cha Tempels: kuwaambia wakoloni kwamba Mwafrika anataka kwanza kuheshimiwa utu wake ni kuwapa njia rahisi ya kumnyima mshahara na ardhi. Fabien Eboussi Boulaga wa Kameruni mwaka 1968, na Paulin Hountondji wa Benin baada yake, walihoji kama fikra hiyo ni ya Waafrika au ni ya padre. V. Y. Mudimbe, mzaliwa wa Likasi, aliipima hoja yote upya mwaka 1988 katika *The Invention of Africa*.

Onyo la Césaire ni la haki kuhusu kitabu. Haliwatoshi watu wa Musonoi, kwa sababu wao hawakubadilishana mshahara na umuntu: waliendelea kwenda shimoni, na walijua vizuri mshahara wao ni mdogo. Walichopata katika Jamaa ni kitu ambacho kampuni haikuweza kuwapa wala kuwanyang'anya.

Ndani ya Kanisa, maaskofu walitilia shaka usiri wa njia na ukaribu wa mapadre na akina mama. Kundi lililojitenga, Katete, liliharibu jina la Jamaa, na katika miaka ya 1970 maaskofu walichukua hatua dhidi ya waliokataa kuwatii.

Utafiti

Mwanaanthropolojia Johannes Fabian alifanya utafiti Kolwezi mwaka 1966 na 1967, akarekodi mafundisho, na kutoa kitabu mwaka 1971. Willy De Craemer alifuata kwa kitabu chake kuhusu Jamaa mwaka 1977.

Hali ya sasa

Union Minière ilitaifishwa mwaka 1967, na baadaye ikawa Gécamines. Uzalishaji wa Gécamines uliporomoka mwanzoni mwa miaka ya 1990, na pamoja nao posho, shule na hospitali. Kolwezi ni makao makuu ya Lualaba tangu 2015, na maelfu ya watu huchimba kobalti kwa mikono bila mkataba wowote. Kazi ya kuwarudishia watu heshima yao inafanywa pia na wengine: masista wa Mchungaji Mwema walianza mradi wao hapo mwaka 2012 kwa ajili ya wanawake na watoto wa machimboni, na kiongozi wake, Sista Catherine Mutindi wa Kenya, alipewa Tuzo ya Opus mwaka 2019.

Waliopita njia wakati wa Baba Placide wamebaki wachache. Familia zenye picha, barua au daftari za mafundisho za miaka hiyo zinaombwa zizitunze, na ziwaulize wazee wao mapema, hasa akina mama, kwa kuwa vitabu vilivyopo viliandikwa karibu vyote na wanaume kutoka nje.