Jiwe, Waya na Nati: Breki ya Mkono Kasulu na Kibondo

Breki ya mkono ya waya haitegemei mafuta wala upepo. Dereva akivuta wenzo, wenzo unavuta waya uliopita ndani ya ala yake, na waya unatanua viatu viwili vya breki mpaka vibane ukuta wa dramu. Meno yaliyo kwenye mzizi wa wenzo huuzuia usirudi. Kwenye miji ya tambarare dereva anaweza kuisahau breki hii mwaka mzima bila kupata hasara. Kasulu na Kibondo ziko juu ya vilima vya Buha, nchi ya Waha, ambavyo sehemu kubwa viko kati ya mita 1,200 na 1,700 kutoka usawa wa bahari, na huko mahali pa kusimamisha gari pasipo na mteremko panatafutwa. Hata hivyo, kwa muda mrefu kazi ya breki ya mkono katika wilaya hizo haikufanywa na breki yenyewe. Ilifanywa na jiwe.

Waya wa namna hii ulianzia kwenye baiskeli. Ernest Monnington Bowden alipata hataza yake Uingereza mwaka 1896. (Frank Bowden wa kiwanda cha baiskeli za Raleigh ni mtu mwingine, ingawa majina yao huchanganywa mara kwa mara.) Ugumu wa zamani ulikuwa kwamba fito ya chuma haipindi kona bila viungo vingi, na waya mtupu ukipinda hujinyoosha badala ya kuvuta kinachotakiwa. Ala iliyosokotwa kwa chuma iliondoa tatizo hilo: waya unavutwa ndani yake, ala inabaki mahali pake, na nguvu inafika hata njia ikiwa imepinda. Miaka sita baadaye, mwaka 1902, Louis Renault wa Ufaransa alitengeneza breki ya dramu yenye viatu vinavyotanuka ndani. Vitu hivyo viwili vilipokutana chini ya gari, breki ya mkono ya karne nzima iliyofuata ilikuwa imekamilika. Breki ya mafuta ilipochukua kazi ya mguu, ile ya waya ilibakizwa kwa makusudi, ili mfumo mmoja ukifa, mwingine uwepo.

Buha iliujua waya baadaye sana. Reli ya Kati ilifika Kigoma mwaka 1914, lakini iliishia ziwani, na vilima vya kaskazini vilibaki vya kupanda kwa miguu, kisha kwa baiskeli. Baiskeli nzito zilizozoeleka huko, Raleigh kwanza na baadaye Phoenix ya China, zilikuwa na breki za fito. Fundi wa baiskeli alirekebisha breki kwa kulegeza nati, kusogeza fito kidogo, na kuikaza tena. Kanuni ni ile ile ya gari: kiatu kinapolika, nafasi kati yake na kinachobanwa inaongezeka, na mtu lazima airudishe nafasi hiyo kwa mkono. Mtu aliyeteremka kutoka Heru Juu na mkungu wa ndizi nyuma ya baiskeli hakuhitaji kufundishwa kwa nini.

Malori yalifika na biashara ya watu. Waha walikuwa miongoni mwa vibarua wengi waliokwenda mashamba ya mkonge ya Tanga na Morogoro, wale walioitwa manamba, na mwaka 1944 wenye mashamba waliunda ofisi yao ya kuandikisha vibarua, iliyojulikana kama SILABU. Kwenye malori mengi ya wakati ule breki ya mkono ilipita kwenye fito na viungo vyenye pini. Kila pini ililika kidogo, na malegezo madogo ya viungo vyote yakijumlishwa, wenzo ulivutwa mpaka mwisho na lori likaendelea kurudi nyuma. Hapo ndipo tanboi, aliyekuja kuitwa utingo, alipopata kazi yake mashuhuri zaidi: kuruka chini kabla lori halijasimama kabisa na kusukuma jiwe au kipande cha gogo nyuma ya tairi. Lori likiondoka, jiwe lilitakiwa kurudishwa kando. Mara nyingi halikurudishwa, na jiwe lililookoa lori moja likabaki katikati ya njia kulisubiri lingine.

Land Rover, iliyoanza kutengenezwa Uingereza mwaka 1948, ilileta mpangilio wa aina yake, na kwa kuwa ndiyo iliyokuwa gari la bwana shauri, la misheni na baadaye la serikali huru, mafundi wa kwanza wa Kasulu na Kibondo walijifunzia humo. Breki yake ya mkono haiko kwenye magurudumu. Ni dramu moja iliyofungwa nyuma ya giaboksi ndogo, inayoishika propela shafti. Mpangilio huu una faida kubwa mlimani, kwa sababu meno ya difu huongeza nguvu ya breki kabla haijafika kwenye tairi, na kwa hiyo dramu ndogo inashikilia gari zito. Kuirekebisha pia ni rahisi: skrubu yenye kichwa cha pembe nne kwenye bamba la dramu huzungushwa mpaka viatu vibane, kisha hurudishwa kidogo ili dramu izunguke huru.

Lakini ina maradhi mawili. La kwanza ni mafuta. Sili ya giaboksi ikichoka, mafuta yanavuja moja kwa moja kwenye dramu na kulowanisha viatu, na hapo hakuna kukaza kutakakosaidia. Anayezungusha skrubu anapoteza muda wake. La pili ni la hatari zaidi. Gurudumu moja la nyuma likiinuliwa kwa jeki, difu inaliruhusu lizunguke upande wake huku lile lililo chini likizunguka upande mwingine, propela ikiwa imetulia kama imefungwa. Gari linaondoka juu ya jeki na breki ya mkono ikiwa imevutwa kikamilifu. Kwa hiyo jiwe lililoonekana kuwa ushamba wa utingo lilikuwa, kwa Land Rover, sharti la ufundi.

Mwaka 1972 ilianza Operesheni Kigoma, iliyowahamisha wananchi kutoka makazi yao yaliyotawanyika vilimani kwenda kwenye vijiji vya kupangwa, vingi kandokando ya barabara. Magari yakasogea karibu na watu zaidi kuliko wakati wowote kabla yake. Muda si mrefu vipuri vikaadimika. Vita vya Kagera vya 1978 na 1979 na uhaba wa fedha za kigeni uliofuata viliifanya kila gereji ya mkoani ichague cha kutengeneza, na breki ya mkono, isiyozuia gari kuondoka asubuhi, iliwekwa mwisho wa orodha. Kizazi kizima cha madereva kilijifunza kuegesha kwa gia na jiwe. Hata baada ya serikali kuruhusu, mwaka 1984, watu wenye fedha zao za kigeni kuagiza bidhaa, mazoea hayo hayakuondoka, na ndiyo yaliyosababisha matatizo ya magari yaliyofuata.

Magari hayo yaliletwa na vita vya majirani. Baada ya Rais Melchior Ndadaye wa Burundi kuuawa Oktoba 1993, wakimbizi waliingia kwa wingi, na kambi zikafunguliwa Mtabila na Muyovosi upande wa Kasulu, Kanembwa, Mtendeli na Nduta upande wa Kibondo. Nyarugusu, karibu na Makere, ilifuata mwaka 1996 kwa Wakongo. Mashirika yalikuja na Toyota Land Cruiser, hasa za toleo la 70 lililoanza mwaka 1984. Wenzo wake wa breki ya mkono si wa kati ya viti: ni mshikio wa kuvuta chini ya dashibodi, unaosokotwa ili kuachia. Kutoka hapo nguvu inakwenda kwa waya hadi kwenye magurudumu ya nyuma, ambako vijiwenzo vidogo vilivyo nje ya bamba la dramu vinaugeuza mvuto na kuupeleka ndani.

Vijiwenzo hivyo viko palepale matope yanaporushwa. Mvua za Buha huanza karibu na Oktoba na kuendelea hadi Mei, na udongo mwekundu unaolowa huko hukauka kuwa kitu kisicho mbali na tofali. Pini isiyowekwa grisi hushika kutu na kuganda. Nalo gari limetengenezwa kwa dhana kwamba dereva atavuta breki ya mkono kila siku: kwenye dramu za Toyota nyingi za aina hii, mvuto wa waya ndio unaozungusha kigurudumu cha meno kinachofidia kulika kwa viatu. Dereva aliyezoea jiwe havuti, kwa hiyo viatu havijifidii. Nafasi inaongezeka, na baada ya miezi kadhaa hata breki ya mguu inashuka chini zaidi kabla ya kushika. Wengi hudhani pampu ya breki imekufa, wakanunua nyingine, na tatizo likabaki. Chanzo kilikuwa mshikio usioguswa.

Madereva, kwa upande wao, walikuwa na hoja. Gari likilazwa siku tatu kwenye mvua na breki imevutwa, viatu hushikana na dramu kwa kutu, na kuvibandua ni kazi ya nyundo. Jiwe halishikani na tairi. Kinachosahaulika ni kwamba hoja hiyo inahusu kulaza gari, nayo ilitumiwa kuhalalisha kutovuta kabisa.

Magari madogo yaliyotumika Japani yalipofika vilimani, Corolla na baadaye Probox iliyotoka mwaka 2002, kazi hii ilihama kutoka gereji za taasisi kwenda uani kwa mwenye gari. Sababu ni nati. Kwenye Toyota nyingi ndogo nati ya kurekebishia iko kwenye mzizi wa wenzo, chini ya kifuniko cha plastiki kati ya viti, na spana namba 10 inatosha. Urahisi huo umeharibu breki nyingi. Mwenye gari akiona wenzo unapanda juu sana, anafungua kifuniko na kukaza nati mpaka aridhike. Kwa siku chache breki inashika. Lakini alichokaza ni waya, wakati kilicholegea ni viatu. Waya ukiwa umevutika muda wote, viatu havirudi mahali pake, mfumo wa kujifidia unazuiwa, na dramu inapata moto njia nzima kutoka Kasulu hadi Makere.

Mpangilio unaofuatwa na fundi mwangalifu huanzia upande wa pili. Gari huwekwa mahali tambarare, magurudumu ya mbele yakazuiwa pande zote mbili, wenzo ukashushwa na nati ya waya ikalegezwa kabisa. Sehemu ya nyuma huinuliwa na kuegemezwa juu ya stendi imara, kwani jeki peke yake haitoshi kwa mtu anayefanya kazi pembeni ya gari. Dramu ikivuliwa, viatu hupimwa kwa macho, na vumbi lililomo hufutwa kwa kitambaa chenye maji. Halipulizwi kwa mdomo, kwa sababu viatu vya zamani vilitengenezwa kwa asbesto. Dramu ikirudi, kigurudumu cha meno huzungushwa kwa bisibisi mpaka viatu viguse, kisha hurudishwa meno machache mpaka gurudumu lizunguke bila kukwaruza. Pedali ya breki hukanyagwa mara kadhaa ili viatu vikae katikati. Ndipo zamu ya waya inapofika. Nati hukazwa kidogo kidogo, wenzo ukivutwa kila mara na milio yake ikihesabiwa. Kwa Toyota nyingi za aina hii kiasi kinachotakiwa ni kati ya milio 6 na 9. Ikipungua hapo, breki inaburuza. Ikizidi, wenzo unakaribia mwisho kabla ya kushika. Nati ya pili hufungwa juu ya ya kwanza, wenzo hushushwa, na magurudumu yote mawili huzungushwa tena kwa mkono. Gurudumu moja likiwa zito na jingine jepesi, tatizo liko kwenye waya wa upande mmoja: hufunguliwa mwisho wake na kuvutwa kwa mkono, na ukigoma ndani ya ala, hubadilishwa. Mafuta ya kulainisha hayafufui ala iliyojaa kutu kwa zaidi ya wiki chache.

Malori madogo kama Canter, yanayobeba maharage na mahindi kutoka Kibondo, yamerudi kwenye mpangilio wa Land Rover: dramu moja nyuma ya giaboksi, ila inavutwa kwa waya. Tahadhari ya jeki inarudi nayo. Malori makubwa hayamo kabisa katika habari hii, kwa kuwa breki yao ya kuegesha ni springi inayozuiwa na upepo. Upepo ukiisha, springi inafunga yenyewe.

Kilichobadili zaidi maisha ya waya ni barabara. Mwaka 2018 Benki ya Maendeleo ya Afrika iliidhinisha fedha za kujenga kwa lami njia ya Kabingo, Kibondo, Kasulu hadi Manyovu mpakani mwa Burundi, na sehemu kubwa ya njia hiyo ilipata lami katika miaka ya 2020. Waya uliokuwa ukijaa matope kila masika sasa unabaki mkavu muda mrefu zaidi kwa gari lisilotoka kwenye barabara kuu. Kwa magari yanayoingia vijijini, kwenye njia za udongo, masika ni yale yale.

Gari lenye kitufe badala ya wenzo, mfumo uliotangulia kwenye BMW za toleo la 7 mwaka 2001, nalo limeanza kuonekana katika miji ya Tanzania. Kwenye aina nyingi za mfumo huo mota ndogo hubana breki za nyuma bila waya wowote, na kabla ya kubadilisha pedi mota hizo hurudishwa nyuma kwa kompyuta ya gereji. Spana namba 10 haina pa kushika hapo. Jiwe bado lina pa kukaa.