Wavivu wakubwa wa Amerika: walitoka wapi, na sababu gani waliisha?

Mwaka wa 1787, kando ya muto Luján, si mbali na Buenos Aires katika inchi ya Argentina ya leo, watu waliona mifupa mikubwa imetokea kwenye udongo. Mutawa mumoja wa shirika la Wadominikani, Manuel de Torres, akaichimbua kwa uangalifu, mufupa kwa mufupa. Mwaka uliofuata masanduku yakafika Madrid, kule Hispania. Watu wa mufalme Carlos wa Tatu walishangaa mupaka wakaandika barua: wakubwa wa Buenos Aires watafute mwingine kama huyo, akiwa muzima, hata kama ni mudogo. Kama haiwezekani, wamutume akiwa amekufa, ngozi yake imejazwa majani makavu.

Ombi lile halikuweza kutimizwa. Munyama yule alikuwa ameisha duniani tangu miaka zaidi ya 10,000.

Jina lake lilitoka wapi?

Mwaka wa 1796, mwanasayansi wa Ufaransa Georges Cuvier alichunguza picha zilizochorwa za mifupa ile. Akiwa Paris, bila kuigusa hata kidogo, alisema ni ndugu ya munyama mudogo anayeishi juu ya miti katika pori za Amerika ya Kati na ya Kusini. Wafaransa wanamwita *paresseux*, ni kusema muvivu, juu anatembea polepole sana. Cuvier akaupa mufupa ule jina la Megatherium, maneno ya Kigiriki yenye maana ya «munyama mukubwa».

Wakati ule, watu wengi wenye kusoma hawakukubali kwamba aina nzima ya wanyama inaweza kuisha kabisa. Mwaka wa 1797, Thomas Jefferson, ambaye kisha alikuwa rais wa Marekani, alieleza kule Philadelphia habari ya mifupa na makucha yaliyotoka kwenye pango moja la Virginia. Aliwaza ni ya simba mukubwa sana, tena alitumaini simba huyo angali anaishi fasi fulani upande wa magharibi. Kumbe nayo ilikuwa mifupa ya muvivu mukubwa, wa aina ingine. Leo anaitwa Megalonyx jeffersonii.

Alikuwa munyama wa namna gani?

Muvivu wa leo ana kilo chache tu. Megatherium alifika karibu tone 4, uzito wa tembo, na urefu wa karibu mita 6 kutoka kichwa mupaka mukia. Alikula majani. Alisimama kwa miguu ya nyuma, akiegemea mukia wake muzito, na kwa makucha marefu alivuta matawi chini. Wakati wa kutembea, alikanyaga kwa upande wa muguu, ili makucha yasimusumbue.

Hakuwa peke yake. Watafiti wanajua aina makumi mingi za wavivu wa chini. Mylodon, wa kusini kabisa, alikuwa na vifupa vidogo vidogo ndani ya ngozi. Mwaka wa 1895, katika pango moja kusini ya Chile, kulipatikana kipande cha ngozi yake chenye manyoya. Baridi na ukavu vilikuwa vimekitunza vizuri sana, mupaka watu wengine wakafikiri munyama huyo amekufa juzi tu. Kwenye pwani ya Peru, wavivu wa aina ya Thalassocnus walizoea bahari, wakawa wanazama ndani ya maji kutafuta majani. Na katika inchi ya Brazili kuna mashimo marefu chini ya udongo, mutu anaweza kuingia akisimama. Kuta zake zina alama za makucha, na watafiti wanafikiri mengi yalichimbwa na wavivu.

Walitoka wapi?

Kwa miaka milioni mingi Amerika ya Kusini ilizungukwa na bahari. Wanyama wake wakageuka polepole kwa njia yao wenyewe, mbali na wengine. Ndiyo fasi ukoo wa wavivu ulianzia, pamoja na ndugu zao armadilo wenye gamba. Karibu miaka milioni 9 iliyopita wavivu wengine walikwisha kuvuka na kufika Amerika ya Kaskazini. Kisha, karibu miaka milioni 3 iliyopita, inchi kavu ya Panama iliunganisha Amerika zote mbili, na wengine wengi wakapita. Megalonyx alifika mupaka Alaska.

Leo kumebaki wavivu wa miti peke yao: wenye vidole viwili na wenye vidole vitatu. Mwaka wa 2019, utafiti wa DNA ya mifupa ya zamani ulionyesha kwamba makundi hayo mawili si ndugu wa karibu. Kila moja lilitoka katika jamaa yake, na kila moja lilijifunza kuishi juu ya miti kwa wakati wake.

Sababu gani waliisha?

Hapa ndipo kuna mabishano. Upande mumoja unasema ni hali ya hewa. Karibu miaka 12,000 iliyopita, wakati wa barafu ulikuwa unaisha: joto lilipanda, mvua ikageuka, majani yakabadilika. Upande mwingine unasema ni watu, juu wawindaji walikwisha kufika Amerika.

Alama za watu zipo. Fasi inayoitwa Campo Laborde, kule Argentina, kulipatikana mifupa ya Megatherium aliyeuawa na kukatwa nyama kando ya kinamasi, karibu miaka 12,600 iliyopita. Katika White Sands, jimbo la New Mexico, watafiti walieleza mwaka wa 2018 nyayo za watu zilizokanyagwa ndani ya nyayo za muvivu. Mutu alikuwa anamufuata hatua kwa hatua. Fasi ingine nyayo za munyama zinaonyesha alisimama na kugeuka, kama mwenye kujitetea.

Lakini ushahidi wenye nguvu zaidi unatoka kwenye visiwa. Wavivu wa bara waliisha karibu miaka 11,000 iliyopita. Wale wa Cuba na wa kisiwa cha Hispaniola waliendelea kuishi miaka zaidi ya 5,000 tena. Joto lile lile liliwapata, bahari ikapanda na kupunguza inchi yao, na bado waliishi. Waliisha kisha watu kufika kwenye visiwa hivyo, karibu na wakati Wamisri walikuwa wanajenga piramidi. Kama hali ya hewa ingekuwa ndiyo sababu peke yake, wangekufa pamoja na ndugu zao wa bara. Watafiti wengi leo wanaona kwamba kwenye bara hali ya hewa iliwapunguza nguvu, na wawindaji wakamaliza.

Wawindaji wachache waliwezaje?

Jibu liko kwenye uzazi. Munyama mukubwa anakawia kukomaa, tena anazaa mutoto mumoja kwa wakati. Mufano: kundi la wanyama 100, kila mwaka wanazaliwa 4 na wanakufa 4 kwa uzee na magonjwa. Kundi linabaki sawa. Wawindaji wakiua 3 tu kwa mwaka, kisha miaka 34 hakuna hata mumoja. Katika muda wote ule hakuna siku hata moja mutu angesema ameona mauaji makubwa. Baba aliona wanyama wengi kidogo, mutoto akaona wachache, mujukuu akasikia habari zao tu.

Hesabu hiyo haikuishia Amerika. Tembo wa pori la Kongo anabeba mimba miezi 22. Kule Dzanga, katika Afrika ya Kati, watafiti waliofuata tembo kwa miaka mingi waliona kwamba majike wengi wanazaa mara ya kwanza kisha miaka 20, na wanapumzika miaka 5 ao 6 mbele ya kuzaa tena. Kati ya mwaka wa 2002 na 2011, hesabu ya tembo wa pori katika Afrika ya Kati ilishuka karibu asilimia 62, zaidi juu ya pembe. Mwaka wa 2021, shirika la UICN liliwaandika kati ya wanyama walio karibu sana kuisha.

Wawindaji wa Campo Laborde hawakuwa na namna ya kujua ni wavivu wangapi walibaki. Tembo wa pori wanahesabiwa, na hesabu yao inajulikana.