Shehe, Askofu na Zaburi Sita

Katika darasa la Kiswahili, iwe hapa Lilongwe au kule Dzaleka, halikosekani swali hili: maneno kama dhambi, neema na toba ni ya Wakristo au ni ya Waislamu? Makazi ya Dzaleka yalifunguliwa mwaka 1994 katika wilaya ya Dowa, ambamo pia imo Madisi. Humo wasemaji wa Kiswahili kutoka Kongo na Burundi wanaishi jirani, wengine wakienda kanisani, wengine msikitini. Kwa hiyo swali si la kamusi tu.

Itakumbukwa kwamba Misheni ya Vyuo Vikuu, UMCA, ilianza kazi Magomero, kusini mwa Malawi ya leo, mwaka 1861. Askofu Charles Mackenzie alifariki kwa homa Januari 1862, na mwaka 1864 misheni ilihamia Unguja chini ya Askofu William Tozer. Pamoja naye alikuwapo Padre Edward Steere, aliyepata kuwa askofu mwaka 1874.

Steere alikuta lugha ambayo tayari ilikuwa na msamiati wa dini. Waswahili Waislamu walikuwa wakisema imani, nabii, malaika na sala karne nyingi kabla yake. Aidha, mmoja wa wanazuoni wakubwa wa Unguja, Shehe Abdulaziz al-Amawi, alijitolea kumfasiria Zaburi kutoka Kiarabu. Kazi ilifika Zaburi ya sita ikasimama. Shehe alikuwa na shughuli nyingi, na Kiswahili chake, kwa maoni ya Steere, kilikuwa cha kitaalamu mno kwa msikilizaji wa kawaida. Hata hivyo Steere alizichapa zaburi hizo sita kwa heshima ya shehe, na akaieleza habari hiyo katika kitabu chake cha sarufi cha mwaka 1870.

Tuzingatie jambo hili. Watu hawa wawili hawakukubaliana juu ya Yesu, wala hakuna aliyeificha imani yake. Lakini utetezi wa imani hauwezekani bila maneno ambayo pande zote mbili zinayaelewa. Hata msalaba na kanisa ni maneno yenye asili ya Kiarabu. Wokovu limetokana na kuokoa, neno la Kibantu. Mungu ni ndugu wa Mulungu wa Kichewa, na Mkristo na Mwislamu wote humwita hivyo.

Tofauti basi haimo katika neno, imo katika maana linayobebeshwa. Anaposikia "Mwana wa Mungu", Mwislamu hufikiri uzazi, naye Mkristo anakusudia jambo lingine. Hapo ndipo mjadala wa teolojia unapoanzia. Mwaka 1923 Kasisi Godfrey Dale wa UMCA alichapisha tafsiri ya Kurani kwa Kiswahili, yenye maelezo ya kuubishia Uislamu. Tafsiri kamili ya Shehe Abdullah Saleh Farsy ilitoka mwaka 1969. Walipingana vikali, kwa lugha moja.

Kwa hiyo mwanafunzi akitaka kulifuta neno kwa kuwa "si letu", sisi walimu tusimkemee, wala tusilifute. Tumwulize: wewe ukilitamka unakusudia nini, na jirani yako je? Atakayeweza kujibu yote mawili ameshaanza kusoma teolojia, na Kiswahili pia.