Asili ya Kidonge na Chandarua: Habari za Jamii ya Terpini

Mtu akitoka Beni asubuhi kwenda Butembo, njia ya kilomita 50 na zaidi, hupanda toka joto la pembeni mwa msitu mpaka baridi ya milimani. Huko mikaratusi imesimama vilimani pande zote za mji. Ponda jani lake mkononi, nawe utanusa harufu kali ipandayo puani mpaka machozi yakalengalenga. Mama zetu huyachemsha majani hayo na kumfukiza mtoto mwenye mafua. Hapo hakuna ajabu. Ajabu ni kwamba kile kinachonukia katika jani la mkaratusi ni ndugu wa kidonge cha malaria, ni ndugu wa dawa ya chandarua, tena ni ndugu wa mpira wa gurudumu. Wenye elimu ya kemia huiita jamii hiyo terpini. Habari za kugunduliwa kwake zinatuhusu sisi watu wa Beni kuliko tunavyodhani.

Tukumbuke mwaka 2018. Tarehe 1 Agosti ilitangazwa kwamba Ebola imeingia Kivu ya Kaskazini. Wakati huo huo malaria nayo ilizidi sana: mwezi wa Septemba ilihesabiwa kufika hata mara nane ya mwaka uliotangulia. Sasa homa ya malaria na homa ya Ebola huanza namna moja: joto la mwili, kichwa kuuma, kutapika, viungo kulegea. Muuguzi atajuaje? Katika vituo vya Ebola hata nusu ya watu waliopimwa walionekana wana malaria tu, nao walikuwa wamekwisha kuketi karibu na wagonjwa wenyewe. Basi tarehe 28 Novemba 2018 serikali, pamoja na Shirika la Afya la Dunia (OMS) na wasaidizi wengine, ilianza mjini Beni kazi ya siku nne: kuwapa watu dawa ya malaria, hata asiyejiona mgonjwa, pamoja na vyandarua vyenye dawa. Ilikusudiwa kuwafikia watu hata 450,000. Jambo kama hilo lilikuwa limefanywa Sierra Leone mwaka 2014, wakati wa Ebola ya huko. Vidonge vyenyewe vilikuwa vya artesuneti na amodiakwini. Ebola ya kwetu haikutangazwa kwisha mpaka tarehe 25 Juni 2020, baada ya kuua watu 2,287. Katika msiba ule nani alikuwa na nafasi ya kuuliza kidonge kimetoka mti gani, au dawa ya chandarua imetoka ua gani?

Tuulize leo.

Jina la terpini lilitungwa na Mjerumani August Kekulé katika miaka ya 1860, akilitoa katika terpentini, yaani mafuta ya utomvu wa msunobari. Lakini aliyeifungua jamii hii ni Otto Wallach. Mwaka 1879 Wallach alipewa kazi ya kufundisha elimu ya dawa katika chuo cha Bonn, jambo ambalo hakulijua sana. Chuoni mlikuwa na kabati lenye chupa za mafuta ya mimea yenye kunukia, zilizosahauliwa miaka mingi. Wengine waliona fujo tu. Wataalamu walikuwa wameyapa mafuta hayo majina chungu nzima, kila mmoja akidhani amepata kitu kipya kwa kuwa amekitoa katika mmea mwingine. Wallach akayatenga moja moja kwa uvumilivu mkubwa, akaona kwamba majina mengi ni ya kitu kile kile. Kitu kinukiacho katika mkaratusi, mathalani, Mfaransa Cloëz alikuwa amekiita eukaliptoli mwaka 1870. Mwaka 1884 Wallach alikitoa katika mmea mwingine kabisa, akakiita sineoli. Majina mawili, kitu kimoja. Kwa kazi hiyo alipewa tuzo ya Nobel ya mwaka 1910.

Mwaka 1887 aliona jambo kubwa zaidi: vitu hivi vimejengwa kama nyumba ya matofali, na tofali ni la namna moja. Watu wa Butembo, wachomao matofali kila siku, hawatashindwa kuelewa. Tofali lenyewe lina atomi 5 za kaboni na 8 za hidrojeni, nalo huitwa isopreni. (Mmea hautumii isopreni tupu, hutumia tofali lile lile lililoshikwa na fosforasi, lakini hilo lilijulikana baadaye sana.) Matofali mawili hufanya kaboni 10: ndiyo monoterpini, nyepesi, zirukazo hewani upesi, na kwa hiyo pua huzijua. Hizo ni harufu za mkaratusi, za ganda la chungwa, za mchaichai. Matatu hufanya kaboni 15, nazo huitwa seskwiterpini, maana yake terpini moja na nusu. Jina hili huwachanganya wanafunzi, lakini sababu ni ya historia tu: waliotangulia walizijua kwanza zile za kaboni 10, wakazihesabu kuwa moja nzima. Manne hufanya diterpini, kama zile zilizomo katika mafuta ya punje ya kahawa yetu. Manane huleta rangi nyekundu ya mawese, ambayo mwili huigeuza kuwa vitamini A. Na kama kitu kina kaboni na hidrojeni peke yake, jina lake halisi ni terpini. Oksijeni ikiingia, kiitwe terpinoidi. Wengi hawajali tofauti hiyo, nami sitawalaumu.

Matofali yakifungamana kwa maelfu hupatikana mpira. Kwa kweli isopreni ilipata jina lake kutoka mpira: Mwingereza Greville Williams aliuchoma mpira akakusanya mvuke wake mwaka 1860. Miaka 30 baadaye mpira huo ulikuwa msiba wa nchi yetu. Dunlop alitengeneza gurudumu la hewa mwaka 1888, Ulaya ikautamani mpira, na Dola Huru ya Leopold II, iliyodumu toka 1885 hata 1908, ikawashurutisha watu kwa mjeledi na bunduki kukata mitambaazi ya msituni. Tena mwaka 1942, katika vita kuu ya pili, siku za kazi za lazima ziliongezwa toka 60 mpaka 120 kwa mwaka, na watu wakarudishwa msituni kutafuta mpira. Mmea hauna kosa. Lakini haifai kuzisifu terpini kwa dawa zake tu na kulinyamazia hilo.

Turudi kwenye chandarua. Huko Dalmatia, pwani ya mashariki ya bahari ya Adria, kuna ua jeupe lenye moyo wa manjano, ambalo unga wake huua wadudu. Sisi twaliita pareto. Kenya ililipanda mwishoni mwa miaka ya 1920, ikawa mbele ya nchi zote. Na kabla ya uhuru wa 1960 lililimwa pia katika milima ya Kivu, kwa sababu lapenda usiku wa baridi. Bonde la Semliki halilifai. Tangu mwaka 1911 hivi, Hermann Staudinger na kijana wake Leopold Ruzicka waliichunguza nguvu ya unga huo, wakaandika habari zake mwaka 1924. Walikuta asidi ya kaboni 10: matofali mawili, lakini yameunganishwa upande usio wa kawaida, kama fundi aliyelaza tofali kinyume. Kazi hiyo ilimtia Ruzicka katika elimu ya terpini, akapata Nobel ya 1939. Staudinger naye, aliyeeleza jinsi molekuli ndefu kama za mpira zilivyo, akapata ya 1953.

Dawa ya ua ina ila moja: jua huiharibu upesi. Hivyo mafundi waliiga umbo lake. Mwaka 1973 Michael Elliott na wenzake wa Rothamsted, Uingereza, walitangaza permethrini, inayostahimili jua, na mara baada yake deltamethrini. Dawa za jamii hiyo ndizo zinazotiwa katika vyandarua. Basi aliyelala chini ya chandarua mjini Beni alilindwa na mjukuu wa ua lile, ingawa mjukuu huyo alizaliwa kiwandani.

Kidonge kina historia nyingine. Mwaka 1967 serikali ya China iliamuru itafutwe dawa ya malaria kwa ajili ya vita vya Vietnam, na mwaka 1969 bibi Tu Youyou wa Beijing akaingizwa katika kazi hiyo. Alipekua vitabu vya kale. Mmea uitwao artemizia ulionyesha nguvu mara moja, kisha mara nyingine haukufaa kitu. Ndipo akasoma upya maneno ya mganga Ge Hong wa karne ya 4, aliyeagiza mmea uloweshwe majini na kukamuliwa, bila kutaja moto. Tu Youyou akafahamu: joto linaharibu dawa. Mwaka 1971 alitumia etha, inayochemka kwa digrii 35 tu, na wanyama waliojaribiwa wakapona wote. Mwaka 1972 alijaribu dawa mwilini mwake yeye mwenyewe kwanza pamoja na wenzake. Artemisinini ni seskwiterpini: kaboni 15, pamoja na atomi mbili za oksijeni zilizoshikamana kama daraja. Daraja hilo ndilo linaloua vijidudu vya malaria, nalo ni jepesi kuvunjika. Nobel yake ilikuja mwaka 2015.

Hapa pana neno kwa wale wapandao artemizia kando ya nyumba na kunywa chai yake. Siwacheki, duka la dawa liko mbali na fedha ni chache. Lakini tazama kemia yenyewe. Artemisinini haiyeyuki vizuri katika maji, joto huidhuru, na katika majani makavu mara nyingi haifiki hata sehemu moja katika mia. Birika la leo si sawa na la jana. OMS ilitangaza mwaka 2019 kwamba haikubali chai hiyo, kwa kuwa dozi haba huacha vijidudu hai na kuvizoeza dawa. Hata kidonge hakitolewi peke yake: artesuneti hutoka mwilini kwa saa chache, kwa hiyo amodiakwini huwekwa pamoja nayo imalize kazi polepole. Anayekunywa siku moja na kuficha vilivyobaki kwa ajili ya homa nyingine anavunja mpango huo.

Na mazoea hayo yamekwisha kuanza. Vijidudu vinavyoistahimili artemisinini, vilivyojulikana kwanza Cambodia, vilitangazwa Rwanda mwaka 2020 na Uganda ya kaskazini mwaka 2021. Mbu nao katika nchi nyingi za Afrika wameizoea dawa ya chandarua. Toka Beni mpaka Kasindi, penye mpaka wa Uganda, ni kilomita 80 hivi.